Neno lililoandikwa kwenye ukuta wa Delphi

Athens, Jumamosi usiku

Miguu inauma, uso umeungua na jua, na Mjomba ameshapitiwa na usingizi kwenye kochi, redio inaongea peke yake. Nataka kuandika usiku huu huu, maana nikilala yataamka nusu.

Tulikwenda Delphi, patakatifu pa Wagiriki wa kale, na kurudi siku hiyo hiyo, safari ya basi yenye mwongoza watalii. Nilikata tiketi mbili, yangu na ya Mjomba. Yeye yuko Ugiriki tangu 1984. Alishuka Piraeus akiwa baharia wa meli ya mizigo, akabaki, kama walivyobaki mabaharia wengine wa Dar na Tanga wa rika lake. Amepaka meli rangi, amebeba viroba sokoni, ameuguza wazee wa watu mpaka wakafia mikononi mwake. Delphi hajafika hata siku moja. Aliniambia mawe ya kale anayaona kila siku akiwa kwenye basi la kwenda kazini, Akropoli ile pale juu, haimkimbii. Nikamwambia, Mjomba, nimekuja kukuona siku kumi, nipe moja nichague mimi pa kwenda. Akakubali, na asubuhi nikamkuta amevaa shati alilopiga pasi usiku.

Nilikuwa na hamu ya aina mbili. Miaka sita nimeongoza wageni Bagamoyo: magofu ya Kaole, ngome, Caravan Serai, misheni. Nimesema "karibuni" mara nyingi mno. Nilitamani mtu anikaribishe mimi, anionyeshe mawe ya kwao.

Basi liliondoka saa moja na nusu. Ni kilomita 180 hivi, kupitia tambarare ya Thiva, ambayo kwenye vitabu ni Thebes, kisha Livadeia, kisha barabara inaanza kupanda mlima. Tulisimama kunywa kahawa. Arachova tuliiona kupitia dirishani tu, nyumba zimepandiana ubavuni mwa mlima. Njia nzima Mjomba alikuwa ananisomea vibao vya barabarani kwa sauti. Nikagundua kwamba herufi zile, ambazo kwangu ni michoro, kwake ni kama mlango wa nyumba yake.

Mwongozaji wetu alikuwa mama wa makamo mwenye kofia pana na leseni yake shingoni. Huku bila leseni huruhusiwi kuongoza watu kwenye magofu. Nilimpenda tangu dakika ya kwanza kwa jambo moja dogo. Kila tuliposimama, yeye alikaa upande wa jua limpige machoni, sisi akatupa mgongo wa jua. Ufundi huo nilifundishwa na mzee mmoja pale Kaole: mgeni anayekunja uso kwa jua hasikii unachomwambia.

Mahali penyewe, picha hazipatendei haki. Delphi imening'inia ubavuni mwa mlima Parnassus. Nyuma kuna majabali marefu yaliyosimama wima, mbele bonde limejaa mizeituni inayoteremka mpaka bahari ya Itea, na bahari unaiona, ukanda wa buluu kule chini. Mama yule alituacha tutazame kwanza kabla hajafungua mdomo. Kisha akatupa kisa cha kitovu. Zeus, mkuu wa miungu yao, alirusha tai wawili, mmoja kutoka kila ncha ya dunia, wakakutana hapa. Ndiyo maana Wagiriki wa kale waliamini hapa ndipo kitovu cha dunia, na jiwe la kitovu lenyewe, limechongwa kama limevikwa wavu, limo kwenye makumbusho ya jirani. Mjomba akaniinamia. "Changu kiko uani kwa bibi, chini ya mnazi," akasema. "Huo mnazi upo bado?" Nikamwambia ulianguka, ila kisiki kipo.

Tukapanda Njia Takatifu, inayopinda na kupinda tena kuelekea hekalu. Miji mingi ya Wagiriki ilikuwa na kijumba chake cha hazina hapa cha kuwekea nadhiri kwa mungu Apollo. Cha Waathene kimesimama mpaka leo, kwa sababu kilijengwa upya kwa mawe yake yenyewe kati ya 1903 na 1906. Wafaransa walipoanza kuchimba mwaka 1892, juu ya haya yote palikuwa na kijiji, Kastri, watu na mbuzi wao na visima vyao. Kijiji kizima kikahamishwa. Hilo alilisema kwa sentensi moja akaendelea, mimi nikabaki nalo kidogo, maana najua jinsi mzee anavyoambiwa kwamba chini ya jiko lake kuna kitu cha thamani kuliko jiko lake.

Hekalu la Apollo lina nguzo sita zilizoinuliwa tena. Ndani yake, siku ya 7 ya mwezi, isipokuwa miezi ya baridi, alikaa mwanamke aitwaye Pythia juu ya kigoda cha miguu mitatu, akatoa majibu ya mungu. Wafalme walituma watu kutoka mbali kuja kupigiwa ramli. Croesus wa Lydia aliuliza kama aende vitani na Waajemi, akajibiwa kwamba akienda ataangusha dola kubwa. Akaenda. Koreshi, mfalme wa Waajemi, akamshinda, na dola iliyoanguka ikawa ya Croesus mwenyewe. Watu walicheka, na ni kisa kizuri kweli.

Lakini kilichonifanya nishike kalamu usiku huu kiko chini ya hekalu. Ni ukuta.

Ni ukuta wa kuzuia udongo wa uwanja wa hekalu, ulijengwa karne ya 6 kabla ya Kristo. Mawe yake hayana umbo la tofali. Kila moja limechongwa kwa mipindo yake, jirani yake akachongwa kumfuata, bila chokaa hata chembe, na matetemeko ya miaka zaidi ya 2,500 hayajawatenganisha. Mwongozaji alituonyesha mishono hiyo, akaeleza kwamba mpangilio huo humeza mtikisiko. Kisha akasema: na yale mnayoona juu ya mawe, kama mikwaruzo, ni maandishi. Ni hati za kuacha huru watumwa. Ziko zaidi ya 800 kwenye ukuta huu peke yake.

Kundi likaanza kusogea kuelekea juu. Mimi miguu iligoma.

Herufi ni ndogo, kama punje za mtama zilizopangwa mstari kwa mstari, na zimefunika jiwe baada ya jiwe. Usipoambiwa utapita. Nikamwuliza Mjomba, unaona kitu? Akavaa miwani. Akasimama muda mrefu, mikono nyuma, kama asomavyo tangazo la kazi. Kigiriki cha kale si Kigiriki chake, na maneno yameandikwa yakifuatana bila nafasi. Kwanza akapata jina la Apollo. Kisha akanyoosha kidole, bila kugusa, akazitaja moja moja: sigma, omega, mi, alfa.

"Soma," akasema.

Nikamwambia, nasoma nini, mimi siijui hata herufi moja.

"Ndiyo neno lenyewe. Soma. Kigiriki ni mwili. Hospitali ndivyo wanavyosema mpaka leo."

Mwongozaji alikuwa amerudi kutuchukua. Badala ya kutuhimiza, alisimama nasi. Nilimwambia nafanya kazi kama yake, na natoka mji ambao watumwa walipakiwa majahazini kwenda Unguja. Akanyamaza kidogo, halafu akatueleza vizuri kuliko alivyowaeleza wote.

Mtumwa hakuwa na haki ya kufunga mkataba, kwa hiyo hakuweza kujinunua. Alichofanya ni kukusanya fedha, akamkabidhi mungu, na mungu ndiye akamnunua kwa bwana wake. Apollo akishanunua, hamtumikishi. Ndiyo hati zote zinavyoanza: fulani amemuuzia Apollo wa Pytho, yaani wa Delphi, mwili wa kike, au mwili wa kiume, ambaye jina lake ni fulani, kabila lake Msyria, au Mthrakia, au mzaliwa wa nyumbani, kwa bei ya mina 3 za fedha, mina 4, mina 5 (mina ni kipimo cha fedha cha kale). Kisha majina ya mashahidi, makuhani wakiwemo. Na mtu yeyote akijaribu kumkamata tena, mpita njia yeyote ana ruhusa ya kumnyang'anya mikononi mwake, kwa kuwa ni huru. Ukuta wa hekalu ulikuwa sehemu ambayo hakuna bwana angeweza kusema hakuiona.

Mwili, ambaye jina lake ni. Nimeyarudia maneno hayo jioni nzima. Kwanza anatajwa mwili, halafu ndipo anapewa jina.

Kisha akatuambia habari ya wale ambao hawakutoka mara moja. Wengi, pamoja na kwamba fedha imelipwa na jina limechongwa, walibanwa na sharti la kubaki na bwana mpaka afe, wakimfanyia kila watakaloambiwa. Wengine walidaiwa wamwachie mtoto. Sharti hilo, akasema, linaitwa paramone.

Mjomba akageuka. "Paramoni?"

Yule mama akamwangalia, akatikisa kichwa taratibu. Wakaongea Kigiriki wawili hao. Baadaye Mjomba ndiye aliyenifafanulia. Ni neno la kubaki, la kukaa mahali. Karatasi yake ya ukaazi, aliyokuwa akiipangia foleni tangu alfajiri miaka na miaka, waliiita adia paramonis, kibali cha kubaki. Hakulisema kwa uchungu. Alilisema kama mtu aliyekutana na mtu anayemfahamu mahali asipotegemea.

Mimi nilikuwa nafikiria Unguja. Soko la watumwa la Mkunazini lilifungwa 1873, na mwaka 1897 ikatoka amri kwamba utumwa hautambuliwi tena kisheria. Lakini mtumwa ilimpasa aende mwenyewe mahakamani kuomba uhuru wake, na bwana akalipwa fidia. Masuria hawakuhesabiwa mpaka 1909. Hayo nimewaeleza wageni mara nyingi, tena kwa mpangilio mzuri. Leo kwa mara ya kwanza nimejiuliza yule aliyelipwa aliandikishwa jina gani, na aliyeachiwa aliandikishwa jina gani.

Maana kule kwetu kulikuwa na majina ya kupewa. Tabu, Mabruki, Faraji, Majaliwa, Zawadi. Mtoto anafika pwani ana jina la kwao, anaitwa hilo jingine mpaka linamshika. Mwongozaji alisema na huku ni vile vile: wako wanawake ukutani wanaoitwa Syra, ambalo si jina hasa, ni kusema tu Msyria.

Tulipanda mpaka ukumbi wa maonyesho, uliokuwa ukichukua watu kama 5,000, na baadhi ya wenzetu wakaendelea hadi uwanja wa mbio kule juu kabisa. Mjomba magoti yalikataa, tukakaa kivulini. Kwenye makumbusho niliona sanamu ya mwendesha gari la farasi wa shaba nyeusi ya kijani, kimo cha mtu kamili, aliyefukuliwa 1896. Tetemeko la mwaka 373 kabla ya Kristo lilimfukia, ndilo lililomwokoa asiyeyushwe. Kope zake zimekatwa kwa shaba, moja moja, na nyayo zake zimefinyangwa mpaka mishipa, ingawa zamani alisimama ndani ya gari la farasi na nyayo hazikuonekana na mtu. Nilizitazama nyayo hizo kuliko uso.

Chakula cha mchana kilikuwa cha kawaida. Nasahau tayari.

Wakati wa kurudi Mjomba alikaa dirishani. Tukiwa tumeshapita Livadeia akaniuliza, bila kunitazama, kama mama anajua lolote kuhusu bibi yao. Bibi yao, yeye na mama, aliletwa Bagamoyo akiwa mtoto mdogo, kutoka bara, zama za Wajerumani. Nyumbani jambo hilo hatulizungumzi. Si kwamba ni siri, ila ukilitaja watu wanatafuta kikombe cha kuosha. Mjomba hakumkuta, alizaliwa bibi ameshafariki. Mama alimkuta.

Nikamrekodia mama ujumbe wa sauti. Nikamwamkia, nikamweleza tuko wapi, nikamsimulia ukuta, jinsi Mjomba alivyosoma, na majina yalivyochongwa. Kisha nikamwuliza bibi yake aliitwa nani.

Jibu lilikuja tukiwa tunaingia Athens, taa zimeshawaka. Tukasikiliza pamoja, simu katikati yetu. Mama alisema: "Tabu. Sote tulimwita Bibi Tabu. Lakini Tabu walimpa hapa Bagamoyo." Kukawa na kimya, nikasikia jogoo wa jirani wa kule nyumbani, anayewika saa zisizo zake. "La kwao alilitaja mara moja. Alikuwa anakuna nazi, akalitaja tu, hakuna aliyemwuliza. Nilikuwa mtoto, wenzangu wananiita mchezoni. Lilianza na Na. Nilikimbia, mwanangu, sikusikia mwisho wake."

Mjomba akachukua simu mkononi mwangu, akaurudisha ujumbe mwanzo, akausikiliza tena. Tulipofika nyumbani akatoa daftari lake la hesabu za kodi ya nyumba, akaandika *Na*, akaacha nafasi.