Nilivyojifunza kuongea kwenye dokumentari bila kukatwa vibaya

Mi natembeza wageni magofuni Kilwa Kisiwani miaka mingi sasa, na watu wa dokumentari wakija huwa wananitafuta nikae mbele ya kamera nieleze historia. Ya kwanza iliniuma sana. Nilisema wazee wanasimulia kwamba mwana wa mfalme kutoka Shiraz, kule Uajemi, alikinunua kisiwa kwa nguo za kukizunguka chote, ila wachimbaji wa mambo ya kale wamekuta watu wa pwani hii walikuwa wanaishi hapa kabla yake. Filamu imetoka, "wazee wanasimulia" haipo, "ila" na yote yaliyofuata hayapo, nimebaki mimi mtu wa Kilwa nawaambia watu mji wetu umejengwa na wageni. Usiku ule sikulala.

Toka hapo nikabadilika. Sauti ya anayeuliza huwa inatolewa, kwa hiyo akiuliza Husuni Kubwa ni nini sijibu tu "ni jumba", naanza "Husuni Kubwa ni jumba la sultani la karne ya 14", jibu linasimama lenyewe. Namwangalia yeye, sio kamera. Shati la mistari midogo naliacha nyumbani maana kwenye picha linachezacheza. Upepo wa bahari ukipiga maiki nanyamaza, unapita, naanza sentensi upya kabisa, maana nusu sentensi ndo wanaiunganishaga na kitu kingine.

Ila kubwa kuliko yote, habari na shaka yake naziweka kwenye pumzi moja. Nasema "hadithi ya nguo ni masimulizi ya wazee na mji wenyewe ni kazi ya Waswahili", hakuna pa kupitisha mkasi. Hata yale majibu ya DNA ya mwaka 2023, kwamba wengi waliozikwa kwenye miji ya kale ya pwani wana asili ya Uajemi upande wa baba na ya Afrika upande wa mama, nayasema baba na mama pamoja, maana mama akikatwa pale ni uongo mtupu.

Juzi kati dairekta mmoja, tuko Msikiti Mkuu chini ya zile kuba, ananiambia "Mwalimu, irudie kwa kifupi, anzia kwenye Shiraz." Nikairudia vile vile. Akaomba tena, vile vile. Mara ya tatu akasema haya basi tuendelee. Imetoka nzima, na "wazee" wamo.