Siku moja ya prodyuza wa tamthilia ya mchana

Watu wakisikia mimi ni prodyuza wanadhani nashinda kwenye kiti chenye jina langu mgongoni, nimevaa miwani ya jua. Kiti sina. Miwani ninayo, ya kufichia macho.

Saa 11 alfajiri nimeshafika, nasoma kurasa zilizobadilishwa usiku. Kila badiliko linachapwa kwenye karatasi ya rangi yake, bluu, pinki, njano, ili mtu asije seti na skripti ya juzi (na bado wanakuja nayo). Saa 12 mekapu, saa 1 mazoezi bila kamera, saa 2 tunarekodi. Hadi hapo hakuna la kusimulia.

Ila kuna kitu watazamaji wengi hawajui, haturekodi kwa mpangilio mnaouona nyumbani. Tamthilia inatoka siku 5 kwa wiki, muda wa kujenga na kubomoa hakuna, kwa hiyo sebule ikishasimama na taa zikakaa sawa tunapiga sini zote za sebule za epizodi kadhaa kwa mpigo mmoja, kamera 3 zinakula pamoja, jaribio moja au mawili twende mbele. Mtu anazikwa asubuhi, jioni anaposa. Nani anakumbuka ni nani anajua siri gani kwenye sini ipi? Mimi na dada wa kontinyuiti, yule anayehakikisha sini zinaoana, basi.

Saa 4 ndo balaa likaanza. Staa wetu kafika kwenye sini ya kumwomba mama yake msamaha, kasimama. "Dada, huyu mtu ninayemcheza hawezi kusema nisamehe. Atasema nilikosea tu." Dairekta akasema sawa, mwandishi kwenye simu akasema sawa, mimi nikiwa chumba cha kontroo nikasikia tumbo linazunguka maana mama mtu tulishamrekodi wiki iliyopita, epizodi ya mbele, anasema "jana uliniomba msamaha ukilia." Imeshaisha hiyo, seti imeshavunjwa, na yule mama yuko safarini. Nikashuka ngazi mbio. Nikamweleza staa taratibu, akanijibu hilo ni tatizo la ratiba sio la sanaa, nikameza mate, nikamweleza tena, akaenda kukaa chumbani kwake akafunga mlango. Watu karibu 40 wamesimama, wa taa, wa maiki, eksitra waliovaa suti za harusi ya sini inayofuata wanatoka jasho, na kila dakika naiona ikigeuka ova taimu ambayo nitakuja kuulizwa mimi, sio yeye. Nikabisha hodi. Nikaongea na mlango dakika 20 hivi, namsifia, namsihi, kuna mahali nadhani nilimwita baba.

Mwisho tukakubaliana aseme nisamehe akiwa amempa mama mgongo, anamimina maji. Na kusema kweli ilitoka nzuri kuliko ilivyoandikwa, hadi jamaa wa maiki kanyamaza, yule huwa hanyamazi. Lakini kulia hakulia. Hilo neno "ukilia" mhariri atalikata, pale mama anaposema picha inahamia kwa anayemsikiliza, neno linapotea na hakuna mtazamaji atakayejua. Mkiona mtu anasikiliza kwa muda mrefu kwenye tamthilia jueni kuna kitu tumekifukia hapo.

Baada ya hapo saa sizikumbuki vizuri. Tulikula tumesimama, tukapiga harusi, taa moja ikaungua, tukaahirisha sini 2 ambazo sijui nitazichomeka wapi, nikatazama epizodi iliyohaririwa, nikajibu meseji za watu wa matangazo wanaotaka sekunde zao.

Nimefika nyumbani usiku, mguu mmoja na kiatu, nafungua ratiba ya kesho naona staa wetu yuko kwenye koma, hajitambui, hana hata mstari mmoja. Nikashukuru Mungu. Simu ikaita, meseji yake:

"Dada samahani kwa leo. Kuhusu ile sini ya koma, nina wazo."