Siku moja maishani mwangu: fundi baiskeli kwenye matope ya Ufaransa

Saa 11 alfajiri

Simu inalia, nje kiza totoro. Desemba huku kaskazini mwa Ufaransa jua halionekani mpaka karibu saa 3 asubuhi, na likitoka linatoka kama limelazimishwa. Nachemsha chai ya tangawizi na kujaza chupa mbili: moja ya kunywa, moja maji ya moto ya kumwagia gia zikiganda.

Nyumbani Tanga wanajua natengeneza baiskeli Ulaya. Ni kweli, Jumatatu hadi Ijumaa. Jumapili ya mashindano mimi ni mwosha matope.

Saa 12 na nusu

Garini: baiskeli mbili zinazofanana kama mapacha, jozi nne za magurudumu, mashine ya kuoshea, madumu ya maji. Kiti cha nyuma amelala binti ninayemhudumia, miaka 21. Kiangazi anashindana barabarani, kwenye lami. Baridi ikiingia anahamia saiklokrosi: mizunguko ya kilomita tatu hivi kwenye nyasi, mchanga na tope, na penye vizuizi au kilima kikali unashuka, unabeba baiskeli begani, unakimbia.

Watu huniuliza kwa nini asichague moja. Wafaransa hawajawahi kuona sababu ya kuchagua. Ubingwa wa dunia wa kwanza wa mchezo huu, Paris mwaka 1950, alichukua Jean Robic, yule yule aliyeshinda Tour de France, mbio kuu za barabarani, ya 1947. Baada yake Roger Rondeaux akachukua mara tatu, André Dufraisse mara tano. Miaka tisa mfululizo kombe halikutoka Ufaransa! Siku hizi wanaume wao wanahangaika. Wa mwisho kuwa bingwa ni Dominique Arnould, 1993.

Binti ninayemhudumia hana habari na wazee hao. Shujaa wake ni Pauline Ferrand-Prévot wa Reims, ambaye mwaka 2015 alikuwa bingwa wa dunia wa barabara, wa matope na wa milimani kwa wakati mmoja. Kisha dhahabu ya Olimpiki 2024 kwa baiskeli ya milimani, na 2025 akashinda mbio mbili za barabarani, Paris-Roubaix na Tour de France ya wanawake. Ukimwona huyo, utamwambia mtoto achague nini?

Saa 3 asubuhi

Tumefika. Anazunguka njia kwa mguu kwanza, halafu kwa baiskeli, kisha tunaanza ubishi wa upepo wa matairi. Tairi haliruhusiwi kuzidi milimita 33, kwa hiyo kila kitu kinategemea upepo ulio ndani. Naweka bar 1.5. Anakwenda, anarudi: "Punguza." Natoa kidogo, pss. Anakwenda, anarudi: "Tena."

Kwenye kibanda cha mjomba pale Ngamiani, Tanga, tulijaza tairi mpaka likigongwa linalia kama nazi kavu, maana mteja alikuwa na gunia la mkaa nyuma. Hapa nabonyeza kwa kidole gumba na linabonyea kama embe bivu. Ilinichukua msimu mzima kuacha kuona aibu.

Saa 5

Mama anapiga simu ya video. Namwonyesha tope. "Mwanangu, hiyo kazi ya kuosha baiskeli hata hapa Tanga si ungeifanya?" Halafu: "Umekula?"

Saa 7 na nusu mchana

Mbio zinaanza. Za wanawake ni kama dakika 50. Sisi mafundi tuko kwenye eneo letu la kubadilishia baiskeli, ambalo njia inalipita mara mbili kila mzunguko. Anaingia, anaruka chini, anaiachia baiskeli chafu nadaka kwa mkono huu, safi anaipokea kwa mkono ule, keshaondoka. Kilo kadhaa za tope zimebaki kwangu. Nina dakika tatu, labda nne: kukimbilia mashine, kusukumana na mafundi wengine kwenye foleni, kupiga maji, kupaka mafuta cheni, kurudi mstarini kabla hajatokea. Vidole nimeacha kuvihisi tangu mzunguko wa pili.

Mzunguko wa nne niliharibu. Wakati wa kuosha nilizungusha pedeli na kubadilisha gia ili tope litoke, cheni ikashukia gia nzito, nami sikuirudisha. Alidandia akasukuma, pedeli ikagoma, akaweka mguu chini. Mbele yake ni mwinuko. Wawili wakampita pale pale, mbele ya macho yangu, nami nimeshika ile baiskeli chafu kama mtu aliyeshikishwa mtoto asiye wake.

Alikuwa wa saba. Akamaliza wa tisa.

Saa 8 na nusu

Meno tu ndiyo meupe. Namfunika blanketi, nampa chai. Anakunywa kikombe kizima kabla hajasema, na alichosema, kwa Kifaransa, ni neno moja: "Gia." Nikamwambia ni mimi. Akasema anajua.

Saa 10

Kuosha tena, safari hii kila kitu: fremu, magurudumu, viatu, mazulia ya gari. Giza linarudi.

Saa 1 usiku

Karakana. Nafungua pedeli, naangalia pedi za breki: zimekwisha, jana zilikuwa mpya. Mchanga unazila kama mchwa. Kwenye kona baiskeli yake ya barabara imening'inia na vumbi lake. Februari anarudi kwenye lami, kwa hiyo nayo iandaliwe wiki hii.

Nikakata kipande cha utepe mweupe, nikaandika GIA kwa kalamu nene, nikakibandika juu ya mashine ya kuoshea. Binti alikuja kuchukua begi lake, akakisoma kwa Kifaransa chake: "Jia?" Nikamsahihisha. Akarudia mara mbili, sawasawa kabisa, akazima taa ya nje akaondoka.