Jim Sullivan na mikwaju yake 2,867

Wachezaji wa raga wa Wales waliovuma kati ya vita viwili vya dunia hukumbukwa zaidi kwa mechi walizoichezea nchi yao katika raga ya wachezaji 15 kila upande. Yule ninayemhusudu kuliko wote hakucheza hata mechi moja ya aina hiyo. Jim Sullivan alizaliwa Cardiff mnamo Desemba 1903, akaanza kuichezea klabu ya Cardiff akiwa mvulana, na alipokuwa na umri wa miaka 17 tu alialikwa kuchezea Barbarians, timu ambayo hupata wachezaji wake kwa mwaliko na ambayo kwa kawaida iliwaita watu waliokwisha kujijengea jina. Kila dalili ilionyesha kwamba kuitwa kwake katika timu ya taifa lilikuwa suala la muda.

Katikati ya mwaka 1921, kabla wito huo haujafika, alitia saini mkataba na Wigan, klabu ya kaskazini mwa Uingereza iliyocheza raga ya wachezaji 13 kila upande, na akalipwa pauni 750. Ili uzito wa saini hiyo ueleweke ni lazima turudi nyuma hadi mwaka 1895, ambapo vilabu vya kaskazini vilijitenga na chama cha raga kwa sababu chama hicho kilikataa katakata wachezaji, ambao wengi wao walikuwa vibarua wa migodini na viwandani, wafidiwe ujira waliopoteza walipoacha kazi kwenda uwanjani. Tangu hapo, aliyepokea fedha upande wa kaskazini alifungiwa mlango wa raga ya ridhaa, yaani ile ya wachezaji 15 iliyochezwa bila malipo, maisha yake yote. Sullivan alikubali hukumu hiyo akiwa kijana ambaye hajatimiza miaka 18. Sioni haki ya kumlaumu. Katika miaka iliyofuata biashara ya makaa ya mawe ya Wales Kusini ilianguka, wachezaji wengi hodari wakashika njia hiyohiyo ya kaskazini kutafuta riziki, na lawama ninaiweka kwa kanuni iliyomtaka mtu maskini achague kati ya jezi ya nchi yake na chakula cha nyumbani kwake.

Alicheza mechi yake ya kwanza mwezi wa Agosti mwaka huohuo dhidi ya Widnes, akiwa mlinzi wa mwisho, nafasi ambayo hakuiacha. Wigan walishinda 21-0 na mikwaju mitano kati ya ile iliyopita katikati ya milingoti, kila mmoja ukileta pointi mbili, ilitoka mguuni mwake.

Mguu huo unastahili kuelezwa kwa utulivu. Siku zile mpigaji hakuwa na kishikizo cha plastiki cha kusimamishia mpira. Alichimba kishimo kwa kisigino, akausimamisha mpira wa ngozi ambao mvua ya majira ya baridi iliulowesha na kuuongezea uzito, akarudi nyuma hatua zake, kisha akaupiga kwa ncha ya kiatu kilichokuwa kizito chenyewe. Ukiteleza kidogo kwenye tope, mpira unakwenda kando. Katika mazingira hayo Sullivan alifunga mikwaju 100 au zaidi katika kila msimu kuanzia ule wa 1921-22 hadi ule wa 1938-39, yaani misimu 18 mfululizo bila kuruka hata mmoja. Watu hupenda kuitaja zaidi siku moja ya Februari 1925, alipofunga mikwaju 22 katika mechi ya Kombe la Challenge, shindano la mtoano la raga ya wachezaji 13, ambayo Wigan waliifunga timu ya ridhaa ya Flimby na Fothergill 116-0. Kwangu mimi siku ile ni ndogo ikilinganishwa na ile misimu 18, kwa kuwa wapinzani walikuwa dhaifu, ilhali kurudia jambo lilelile kwa usahihi mwaka baada ya mwaka, mbele ya walinzi wa kulipwa waliojua vyema kwamba adhabu yoyote wanayoisababisha itawagharimu pointi mbili, ni kazi ya aina nyingine kabisa.

Mei 1929 fainali ya Kombe la Challenge ilichezwa Wembley kwa mara ya kwanza, na Sullivan ndiye aliyekuwa nahodha wa Wigan. Pointi za kwanza kabisa za mchezo huo katika uwanja ule alizifunga yeye kwa mkwaju wa adhabu, na Wigan wakawashinda Dewsbury 13-2.

Alikwenda Australia na New Zealand na timu ya Britania mara tatu, mwaka 1924, 1928 na 1932, na mara zote tatu walirudi na ushindi dhidi ya Australia. Safari ya mwisho aliiongoza mwenyewe. Mechi ya pili ya mwaka ule, iliyochezwa Brisbane, ilikuwa ya ukatili kiasi kwamba hadi leo huitwa vita. Australia walishinda 15-6 huku wachezaji wao kadhaa wakiwa wameumia. Wageni wakashinda ya tatu kwa 18-13, na hivyo kuchukua mfululizo kwa mechi mbili kwa moja.

Aliendelea kucheza hadi mwaka 1946, akiwa amepita miaka 40, na baadaye akawa kocha wa St Helens walipotwaa Kombe la Challenge kwa mara ya kwanza mwaka 1956. Hesabu yake yote ni mikwaju 2,867 na trai 96 (trai ni kuugusisha mpira ardhini nyuma ya mstari wa goli la wapinzani), na kwa kuwa mkwaju ulikuwa na pointi mbili na trai wakati huo ilikuwa na pointi tatu, jumla inafika pointi 6,022. Nimeijumlisha mwenyewe zaidi ya mara moja kwa furaha tu ya kuiona ikikamilika.

Jumla hiyo ingeweza kuwa kubwa zaidi. Mwaka 1936 aliombwa kwenda tena Australia, safari ambayo ingekuwa ya nne kwake. Mke wake alikuwa mgonjwa. Sullivan alikataa, akabaki naye.