Poore, meja wa mikimbio 304

Huku Arusha ukitaja kriketi watu wanajua unaongelea mambo ya Wahindi wa mjini, sisi wengine ni mpira na Sheikh Amri Abeid basi. Ila mi nina ugonjwa wa kufukua maisha ya watu ambao hakuna anayewaulizia, na safari hii nimenasa kwa jamaa anaitwa Robert Poore.

Kazaliwa Dublin 1866, afisa wa jeshi la Mwingereza, kikosi cha farasi. Kriketi kaja kuikazania ukubwani akiwa kambini India, tena wanasema kwa kusoma vitabu vya mafunzo, halafu akawa msaidizi wa gavana wa Bombay, Lord Harris, ambaye mwenyewe alishakuwa kepteni wa timu ya kriketi ya Uingereza. Baadaye kikosi kikapelekwa Afrika Kusini na mwaka 1896 akajikuta anaichezea Afrika Kusini mechi tatu za Testi (zile ndefu za timu za taifa) dhidi ya Uingereza, yaani anapambana na haohao wanaomlipa mshahara 😂 Wakafungwa zote.

Sasa njoo 1899. Yuko Uingereza, anachezea timu ya jimbo la Hampshire, na kati ya Juni 12 na Agosti 12 jamaa kapiga mikimbio (ndo pointi za kriketi) 1,399! Pale Taunton dhidi ya Somerset kapiga 304 peke yake, na mwenzake Wynyard, naye afisa wa jeshi, kapiga 225, wawili hao wakajaza 411 pamoja kabla mmoja wao hajatolewa. Wastani wake wa msimu ule, yaani mikimbio kwa kila mara aliyotolewa, ulikuwa 91.23 na haukupitwa Uingereza mpaka alipokuja Bradman wa Australia 1930. Miezi miwili tu hiyo wadau.

Wanaomwandika wengi wanaishia hapo kwenye namba, na mi hapo ndo nawashangaa, maana mwaka huohuo vita ya Waingereza na Makaburu ikaanza, Poore akarudi kusini, na akawa mkuu wa polisi jeshi. Hiyo ndo kazi ya kushughulika na mateka, wahalifu wa jeshi, na watu wa kunyongwa au kupigwa risasi. Alikuwa anaandika diary, na mpaka leo wanaobishana kuhusu Breaker Morant, yule luteni wa upande wa Mwingereza aliyepigwa risasi na Waingereza wenyewe Pretoria Februari 1902 kwa kuua mateka, wanarudi kwenye diary hiyo kutafuta nani aliamuru nini. Kwangu mi hiyo diary ina uzito kuliko ile 304, ingawa najua wapenzi wa kriketi watanirushia mawe.

Alistaafu akiwa brigedia jenerali, kafariki 1938.

Na kwa wanaojiuliza Arusha inaingiaje, baada ya vita ileile kuna Makaburu waliogoma kukaa chini ya Mwingereza, wakafunga mizigo kwenye magari ya ng'ombe, wengine wakafika mpaka huku chini ya Meru enzi za Mjerumani na kupewa mashamba. Kama kuna mzee wa Meru aliwahi kukusimulia habari zao shusha hapo chini, nataka niwaandikie hao wiki ijayo.