Siku 61 za tipa yangu uani mwa polisi

Dereva alinipigia saa tisa usiku. "Mama, tumeshikwa." Akanyamaza kidogo, halafu akaongeza kwamba utingo ametoroka na kamba ya turubai, kana kwamba hiyo ndiyo hasara.

Kosa lilikuwa letu, niliseme mapema. Kibali chetu cha kubeba mchanga wa mtoni kilikuwa cha safari moja, kina namba ya gari, mahali pa kuchotea na tarehe. Kilishatumika mchana. Dereva alikitembeza tena usiku, nami nilikuwa na tabia ya kuhesabu safari bila kuuliza karatasi.

Nilipoteza siku 40 kwa sababu ya neno "kielelezo". Kila nikifika kituoni naambiwa gari ni kielelezo, yaani kitu cha ushahidi mahakamani, subiri kesi iishe. Naitikia, narudi nyumbani kuhesabu marejesho ya mkopo. Na kila nikirudi nalikuta limezidi kulalia upande mmoja, maana lilikamatwa na mzigo wake na hakuna aliyeushusha. Mchanga mbichi unakandamiza springi usiku na mchana. Wiki ya nne majani yalikuwa yameota juu yake, mabichi kabisa, utadhani bustani.

Jamaa wengi walinishauri tukiri, tulipe faini, yaishe. Wakili niliyempata baadaye alitaka kwanza kusoma sheria yenyewe. Alinieleza kwamba kushikilia gari na kulitaifisha ni mambo mawili. Akanitolea mfano wa sheria ya madini ya India ya mwaka 1957: kifungu cha 21(4) kinaruhusu kukamata gari lililobeba madini kinyume cha sheria, lakini kulitaifisha kunahitaji amri ya mahakama chini ya 21(4A). Kwa hiyo kabla ya kukiri chochote, uliza: nikikubali kosa, gari linarudi au ndiyo kwaheri? Na uliza pia nani mwenye mamlaka ya kuliachia, maana ukipeleka ombi mlango usio wake unapoteza mwezi mwingine.

"Hatuombi mahakama iseme hamna hatia," aliniambia. "Tunaomba kielelezo kitunzwe kwako badala ya kuozea uani."

Alikuwa na uamuzi mmoja alioupenda mno, wa Mahakama Kuu Kabisa ya India wa tarehe 1 Oktoba 2002, Sunderbhai Ambalal Desai dhidi ya Jimbo la Gujarat. Majaji walisema hakuna faida ya kuacha magari yaliyokamatwa yakae vituo vya polisi muda mrefu. Hakimu ayaachie mapema kwa hati ya ahadi na dhamana kwamba yataletwa yakihitajika. Hakimu wetu hakufungwa na maneno ya India, lakini mantiki yake ilieleweka. Picha za gari zinatosha kuonyesha mahakamani lilivyokuwa siku lilipokamatwa, na kutu haimsaidii mwendesha mashtaka.

Kazi ngumu ilikuwa hati ya kiapo. Mimi nilitaka iandikwe kwamba sikujua lolote. Wakili akaweka kalamu chini.

"Ulijua kibali ni cha safari moja?"

Nilijua.

"Basi usiape hivyo, mama."

Tukaandika lililo kweli: kwamba gari ni langu, kadi hii hapa na bima hii hapa, kwamba sikuagiza safari ile ya usiku, kwamba halijawahi kukamatwa kabla, kwamba nadaiwa na benki na gari linaharibika. Tukaambatisha picha za zile springi. Yale majani nayo yalionekana vizuri.

Hakimu aliliachia kwa masharti: mdhamini wa kiasi cha thamani ya gari, nisiliuze, nisibadili rangi wala injini, nilete nikiitwa, na lisionekane na mchanga wa mtoni hadi kesi iishe. Lilipigwa picha pande zote nne, namba ya chesisi na mzigo. Mchanga wenyewe haukuwa wetu tena. Vijana wanne waliupakua kwa koleo pale pale uani, na nikawalipa mimi.

Siku ya kukamatwa niligombana na askari hadi akaandika orodha ya vitu: betri mbili, tairi ya akiba, jeki, redio. Alinitazama kama mama msumbufu. Siku ya 61 tulikuta betri moja. Nikaitoa orodha yenye sahihi yake, nikaketi kwenye benchi. Baada ya saa mbili betri ya pili "ikaonekana" stoo.

Rejeta ilikuwa imekauka na breki zimeshika. Tulivutwa hadi gereji. Sasa tunabeba kokoto za mashine, zenye risiti, na kila asubuhi dereva ananisomea tarehe ya karatasi kwa sauti kabla sijampa ufunguo. Anaona namdhalilisha. Kesi yake inatajwa tena mwezi ujao, na mimi ndiye mdhamini wake.