Umejuaje? Swali ambalo magazeti ya Marekani yalilijua kwa kuumbuka

Tarehe 25 Septemba 1690, mjini Boston, Benjamin Harris alichapisha Publick Occurrences, gazeti la kwanza katika makoloni yaliyokuja kuwa Marekani. Lilikuwa na kurasa nne: tatu zenye habari, ya nne tupu. Iliachwa hivyo makusudi, ili msomaji aongeze habari zake kwa mkono kabla ya kumpa jirani au kulituma mji mwingine. Mtu wa Mombasa hana haja ya kufafanuliwa hilo. Ujumbe huingia asubuhi kwenye kundi la WhatsApp la wazazi wa shule, ukifika Kisauni umeshaongezwa mstari, ukivuka Likoni una mstari wa pili na picha ya ajali ya mwaka juzi, na jioni ukimrudia aliyeuanzisha, yeye mwenyewe hautambui tena.

Ndani ya toleo lile lile Harris aliahidi kwamba kosa lolote kubwa litakaloonekana litasahihishwa katika toleo linalofuata. Siku nne baadaye gavana na baraza lake walilipiga marufuku, kwa kuwa lilichapwa bila kibali. Toleo la pili halikutoka kamwe.

Sisi tuna methali inayotuponza: lisemwalo lipo, kama halipo laja. Barazani haina neno. Kwa mwandishi wa habari ni sumu, maana inampa ruhusa ya kuliruka swali la kwanza kabisa: umejuaje? Na swali hili si geni kwetu. Aliyesoma chuoni, yaani madrasa, utotoni anajua kuwa hadithi ya Mtume haipokewi kwa maneno yake tu. Hutazamwa nani kaipokea kwa nani, na kama wawili hao waliwahi kukutana. Wanahabari wa Marekani walifika karibu na hapo kwa njia yao wenyewe, na mara nyingi walifika wakiwa wameinamisha vichwa.

Mfano unaofaa kuangaliwa kwa karibu ni wa tarehe 25 Oktoba 1972. Bob Woodward na Carl Bernstein wa Washington Post walikuwa na miezi minne wakifuatilia uvunjaji wa ofisi za chama cha Democratic katika jengo la Watergate. Siku hiyo waliandika ukurasa wa kwanza kwamba H. R. Haldeman, mkuu wa wafanyakazi wa Rais Nixon, alikuwa mmoja wa walioidhinisha malipo kutoka mfuko wa siri, na kwamba Hugh Sloan, aliyekuwa mweka hazina wa kamati ya kampeni, alilisema hilo kwa kiapo mbele ya jopo la raia linalosikiliza ushahidi kabla ya mashtaka. Asubuhi ile ile wakili wa Sloan akakanusha: mteja wake hakutoa ushahidi huo. Ikulu ikapata fimbo ya kuwachapia.

Habari yenyewe ilikuwa kweli: Haldeman alihusika na mfuko ule. Uongo ulikuwa kwenye njia. Sloan hakulieleza jopo kwa sababu hakuna aliyemuuliza. Waandishi walimsikia akisema kwamba alijibu kila alichoulizwa, wakachukulia kuwa na hili aliulizwa. Kisha Bernstein akampigia simu mwanasheria wa serikali aliyeogopa kusema waziwazi, wakapatana hivi: nitahesabu hadi kumi, kama habari ina kasoro, kata simu kabla sijafika, kama ni sawa, baki. Akahesabu, yule akabaki, habari ikaenda mtamboni. Baadaye ikajulikana kwamba mwanasheria alikuwa ameyaelewa masharti kinyume.

Wakati huo Post ilikuwa na desturi kwamba tuhuma ya jinai haichapishwi mpaka ithibitishwe na watu wawili. Desturi ilifuatwa, na bado mambo yakaharibika, kwa kuwa waliulizwa jambo moja likaandikwa jingine. Wawili wakikuthibitishia kwamba Haldeman alihusika na mfuko, umethibitisha hilo tu. Kwamba Sloan aliapa mbele ya jopo ni dai la pili, lenye haki ya kutafutiwa mashahidi wake. Kwenye daftari, basi, kila sentensi ya habari ipewe mstari wake, na mbele ya kila mstari iandikwe: nani kasema, yeye alijuaje (aliona, alisoma, au aliambiwa), nani mwingine kalithibitisha pasipo kumtegemea huyo wa kwanza. Kimya usikihesabu kuwa jibu, hata kikiwa kimya cha mtu mkweli. Akishindwa kutamka “ndiyo”, huna uthibitisho.

Kosa linaloshabihiana na hilo, na hapa kwetu liko kila siku, ni kuhesabu vyanzo vitatu ambavyo vyote vimekunywa kisima kimoja. Diwani kakwambia, msaidizi wake kakwambia, na mfanyabiashara kakwambia, kumbe wote walimsikia diwani. Hapo una chanzo kimoja chenye vinywa vitatu.

Aliyefanya kazi ya kuthibitisha kwa ufundi mkubwa alikuwa Ida B. Wells, miaka 80 kabla ya Watergate. Machi 1892 wanaume watatu weusi waliohusika na duka la vyakula mjini Memphis waliuawa na genge la wazungu, mmoja wao akiwa rafiki yake. Wells alikuwa mhariri na mmiliki mwenza wa gazeti la Free Speech. Kisingizio kilichokuwa kikirudiwa kote kusini kilikuwa kwamba wanaouawa hivyo wamebaka wanawake wa kizungu. Wells alijua kwamba takwimu za mwanamke mweusi zingetupwa, kwa hiyo akachukua za wazungu wenyewe, hasa orodha zilizokusanywa na Chicago Tribune, akazihesabu kwa sababu zilizotajwa. Ni thuluthi tu ya waliouawa ndio waliokuwa hata wametuhumiwa kubaka. Mei mwaka huo, akiwa safarini, ofisi ya gazeti ilivunjwa na akaonywa asirudi. Aliendelea kuandika akiwa New York na baadaye Chicago. Mwaka 2020 akapewa heshima maalumu ya Pulitzer, tuzo kubwa ya uandishi wa habari Marekani, miaka 89 baada ya kufa. Mimi humweka juu ya Woodward na Bernstein, kwa kuwa alitumia ushahidi ambao adui yake hakuweza kuukana bila kujikana mwenyewe.

Kanuni zilizoandikwa zilichelewa. Jumuiya ya wahariri wa magazeti ya Marekani ilipitisha zake mwanzoni mwa miaka ya 1920. Zinazotajwa zaidi leo ni za Chama cha Wanahabari Weledi, zilizofanyiwa marekebisho mwaka 2014, na zina nguzo nne: tafuta ukweli uuripoti, punguza madhara, kuwa huru, wajibika na uwe wazi. Ni maneno mazuri, lakini hayamfukuzi mtu kazi. Kilichobadilisha kazi ya kila siku ni aibu.

Septemba 1980 Janet Cooke aliandika katika Post habari za mtoto wa miaka minane aliyekuwa mraibu wa heroini. Polisi wa Washington walimtafuta mtoto huyo wasimpate. Wahariri hawakuwa wamemdai mwandishi jina, kwa sababu alisema ameahidi siri. Aprili 1981 akapewa Pulitzer, na ndani ya siku chache ikabainika kwamba hata maelezo ya masomo yake yalikuwa ya uongo, kisha akakiri kuwa mtoto hakuwepo. Tangu hapo desturi iliyoenea ni kwamba siri ya mdokezi ni siri dhidi ya wasomaji, lakini angalau mhariri mmoja lazima amjue kwa jina.

Jayson Blair wa New York Times, mwaka 2003, alidai kuripoti kutoka miji ambayo hakuikanyaga. Gazeti lilipochunguza lilikuta matatizo katika habari zisizopungua 36 kati ya 73 alizokuwa ameandika tangu Oktoba iliyotangulia. Kumbukumbu za simu na risiti za safari ndizo zilizomuumbua. Jambo la kuhuzunisha zaidi ni kwamba baadhi ya walioandikwa uongo hawakulalamika. Aliieleza nyumba moja huko West Virginia kuwa inatazama mashamba ya tumbaku na malisho ya ng'ombe, ambayo hayakuwepo. Wenyewe waliona ajabu, lakini hawakupiga simu. Mhariri anayesema “hakuna aliyelalamika” ajue kwamba huenda wasomaji wameshakata tamaa naye.

Kuna jambo moja la Marekani ambalo mwandishi wa hapa asilibebe kama lilivyo. Mwaka 1964, katika kesi ya New York Times na Sullivan, Mahakama ya Juu iliamua kwamba afisa wa umma hawezi kulipwa fidia kwa habari yenye makosa mpaka athibitishe kuwa mwandishi alijua ni uongo au hakujali kama ni kweli. Kilichoshtakiwa ni tangazo la kulipiwa lililochapwa na gazeti hilo, nalo lilikuwa na makosa ya wazi. Lilisema, kwa mfano, kwamba Martin Luther King alikamatwa mara saba, na ilikuwa mara nne. Kinga hiyo haijavuka bahari. Kenya, kifungu cha jinai cha kumharibia mtu jina kilibatilishwa na mahakama mwaka 2017, lakini kesi ya madai ingalipo, na ukijitetea kwamba ulichoandika ni kweli, mzigo wa kuthibitisha ni wako.

Kwa hiyo tafuta karatasi. Sheria ya Kupata Habari ya mwaka 2016 inaitaka ofisi ya umma kukujibu ndani ya siku 21, na saa 48 kama habari inahusu uhai au uhuru wa mtu. Andika barua, taja waraka unaoutaka kwa jina na tarehe, omba nakala yako igongwe muhuri wa kupokelewa. Barua nyingi hufia kwenye neno “habari zote kuhusu”. Omba waraka mmoja.

Na ukikosea, sahihisha kwa ukamilifu. Tuseme umeandika kwamba ada ya kibanda sokoni Kongowea imepanda. “Tulikosea kuhusu ada, tunaomba radhi” haimsaidii mama muuza nyanya. Andika: “Habari yetu ya tarehe 4 Machi ilisema ada imepanda kutoka shilingi 50 hadi 80 kwa siku. Si kweli. Pendekezo lililo mbele ya bunge la kaunti ni shilingi 60, na halijapitishwa. Tulitumia rasimu ya zamani.” Lile dai la uongo usilirudie kwenye kichwa cha usahihisho, kwa sababu wengi husoma kichwa tu. Usifute kimyakimya: acha tarehe na saa ya kurekebishwa vionekane juu ya habari, si chini kabisa. Kisha upeleke usahihisho kwenye makundi yale yale uliyoituma habari ya kwanza, hata yale ambayo hakuna aliyekuuliza.

Kama ilikuwa ni sauti iliyorekodiwa, hiyo huwezi kuihariri ikishasambaa. Rekodi nyingine fupi kuliko ya kwanza, na katika sekunde tano za mwanzo taja tarehe ya ile ya awali na useme kwamba hii inaisahihisha, maana atakayeisambaza hatakuandikia maelezo.